Ruka Mechi, Usiruke Msimu: Mwongozo wa Gemu ya Kikapu kwa Vijana wa Kyela

Msimu wa kawaida wa NBA una mechi 82 kwa kila timu. Ukianzisha mchezaji wako katika MyCareer, ile sehemu ya gemu ya NBA 2K ambamo unamtengeneza mtu mmoja tangu jina, urefu na nafasi yake uwanjani, kisha unaishi naye kuanzia anaposajiliwa mpaka anapostaafu, zote 82 zinapangwa mbele yako. Za mtoano zinakuja baadaye. Na huo ni msimu wa kwanza tu.

Tupige hesabu kabla ya kushika padi. Kwa robo za dakika tano, mechi moja hula kama dakika 35 ukijumlisha faulo, mipira iliyotoka nje na kocha anapoomba muda. Mechi 82 ni karibu saa 48. Kijana anayecheza kwenye kibanda cha gemu, awe Kyela mjini, Ipinda au Kasumulu mpakani, analipia muda wake. Tuseme bei ni shilingi 1,000 kwa saa: msimu mmoja utamtoka kama shilingi 48,000, fedha ambayo mzazi wake angeweza kulipia mambo ya maana kabisa. Anayecheza nyumbani analipa kwa njia ya Luku. Televisheni na mashine ya PS4 kwa pamoja huweza kula takribani wati 200, hivyo saa 48 ni kama uniti 10 za umeme. Kwa nyumba iliyo kwenye kundi la wateja wadogo wasiozidi uniti 75 kwa mwezi, uniti 10 ni nyingi, na zikiivusha nyumba juu ya kiwango hicho, bei ya uniti inapanda kwa familia nzima.

Kwa sababu hiyo sina ugomvi na anayeruka mechi. Gemu yenyewe imeweka nafasi ya kuruka, na aliye na saa mbili kwa wiki hana namna nyingine ya kuuona mwisho wa msimu. Ninachopinga ni kuruka kwa pupa: kubonyeza mpaka Aprili, kisha kushangaa mbona mchezaji wako bado yuko benchi, wastani wake ni pointi nne, na timu imeshika nafasi ya 12. Kuruka ni uamuzi kama uamuzi mwingine wowote wa mchezo, na una bei yake. Makala hii inaeleza bei hiyo na namna ya kuipunguza.

Ukiruka, nini kinatokea?

Wengi hudhani kuruka mechi ni kutocheza. Sivyo. Unapofungua ratiba, ukachagua tarehe ya mbele na kuiambia gemu ikufikishe pale, kila mechi iliyo katikati inachezwa kwa hesabu ya kompyuta. Mchezaji wako anaingia uwanjani, anapewa dakika, anafunga, anakosa, anacheza faulo. Matokeo yanaandikwa katika rekodi yake sawa kabisa na yale ya mechi uliyoicheza kwa mkono wako. Tofauti ni moja: wewe hukuwepo.

Hii si sawa na kumpumzisha mchezaji, jambo ambalo katika NBA halisi limezua ugomvi mkubwa. Novemba 2012, San Antonio Spurs waliwarudisha nyumbani Tim Duncan, Tony Parker, Manu Ginobili na Danny Green badala ya kuwachezesha dhidi ya Miami Heat, na ligi ikaitoza klabu hiyo faini ya dola 250,000. Tangu msimu wa 2023–24 mchezaji wa NBA anayetaka kuwania tuzo kubwa, ikiwemo ya mchezaji bora wa msimu, anatakiwa awe amecheza angalau mechi 65. Mchezaji wako wa MyCareer hahitaji kuhofia hayo kwa sababu tu umeruka, maana kwenye vitabu vya gemu yeye alicheza. Swali ni alicheza vipi.

Kompyuta haijui kwamba wewe ni hodari wa kupiga pointi tatu kutoka kona. Inaangalia alama za uwezo wa mchezaji wako, dakika anazopewa na kocha, nguvu ya wenzake na nguvu ya wapinzani, halafu inaongeza bahati kidogo. Katika matoleo ya miaka ya karibuni mchezaji mpya huanza na alama 60 hivi, chini ya karibu kila mtu kwenye ligi. Mkono wako unaweza kuficha udhaifu huo: unajua lini upige, lini utoe pasi, lini umkwepe beki mzito. Kompyuta haiufichi. Inamtazama mtu wa alama 60 na kumpa takwimu za mtu wa alama 60.

Tanzania inao mfano wa kweli wa jinsi ligi ile inavyomtazama mgeni. Hasheem Thabeet, mzaliwa wa Dar es Salaam, alichaguliwa wa pili kati ya wachezaji wote wapya mwaka 2009, akaenda Memphis Grizzlies. Alikuwa Mtanzania wa kwanza kufika NBA. Nyuma yake katika orodha ile ile walikuwa James Harden, wa tatu, na Stephen Curry, wa saba. Msimu wake wa kwanza Thabeet alipewa kama dakika 13 kwa mechi, akapata wastani wa pointi 3.1 na ribaundi 3.6, na Februari 2010 akapelekwa Dakota Wizards kwenye ligi ndogo ili apate muda wa kucheza. Huyo ni mtu wa zaidi ya mita 2.2, aliyetoka chuo kikuu cha Connecticut akiwa na sifa kubwa za ulinzi. Dakika ndogo huzaa takwimu ndogo, na takwimu ndogo huzaa dakika ndogo. Mchezaji wako ukimruka tangu siku ya kwanza utamtumbukiza katika mzunguko huo huo.

Ndiyo maana mechi za mwanzo wa msimu hazirukwi. Zicheze zote, kama kumi hivi, hata kama kocha anakupa dakika chache. Katika mechi hizo gemu inakupa daraja kwa kila unachofanya: pasi nzuri inapandisha, kumwacha mtu wako afunge inashusha, kuomba mpira hovyo inashusha. Daraja zuri ndilo linalokuongezea imani ya kocha, na imani ya kocha ndiyo dakika. Ukifika mahali unaanza kwenye kikosi cha kwanza na alama zako zimepanda, hapo kompyuta ukiiachia mechi haitakuaibisha sana.

Hesabu ya wastani

Chukua mfano huu. Umecheza mwenyewe mechi 30 na kufunga wastani wa pointi 25. Umeruka 52, na kwa alama za mchezaji wako kompyuta imempa wastani wa pointi 8. Watu hudhani wastani wa msimu utakuwa katikati, kama 16 au 17. Fanya hesabu: 30 mara 25 ni 750; 52 mara 8 ni 416; jumla 1,166; gawa kwa 82. Unapata 14.2.

Kwa hiyo mtu anayelenga tuzo ya mchezaji bora chipukizi, au kuitwa kwenye mechi ya nyota wote mwezi Februari, asifikiri kwamba usiku mmoja wa pointi 50 utafuta wiki nzima aliyoruka. Mechi zilizorukwa ni nyingi, na wingi ndio unaoamua wastani. Dawa si kucheza zote. Dawa ni kuchelewesha kuruka: wekeza kwanza kwenye alama za uwezo, halafu ruka ukiwa mtu wa alama 80 na kitu. Kila mechi itakayorukwa baada ya hapo itarudisha takwimu zinazoeleweka.

Zipi ucheze, zipi uruke

Hapa ndipo ufundi ulipo, na hapa ndipo inafaa kujua ratiba ya NBA ilivyosukwa, kwa sababu gemu inaifuata.

Ligi ina timu 30, nusu kanda ya Mashariki na nusu ya Magharibi. Timu yako inacheza mechi mbili na kila timu ya kanda ya pili: 15 mara mbili, ni 30. Mechi 52 zilizobaki ni dhidi ya timu za kanda yako mwenyewe. Ndani ya hizo, timu nne za kundi lako dogo unakutana na kila moja mara nne.

Nafasi ya kuingia mtoano inagombewa ndani ya kanda. Timu sita za juu zinapita moja kwa moja, na za nafasi ya 7 hadi ya 10 zinacheza mechi za mchujo kugombea nafasi mbili za mwisho. Maana yake ni hii: ukimfunga mtu wa kanda yako, umepanda wewe na ameshuka yeye. Ukimfunga mtu wa kanda ya pili, umepanda wewe tu. Tena timu mbili zikilingana kwa ushindi, kitu cha kwanza kutazamwa ni matokeo ya zenyewe kwa zenyewe.

Basi anza kuruka kwenye zile 30 za kanda ya pili. Hizo ndizo za bei nafuu. Kwenye 52 za kanda yako, chagua kwa kutazama msimamo. Timu yako ikiwa ya 7, mechi dhidi ya aliye wa 6 na dhidi ya aliye wa 8 zicheze kwa mkono wako hata kama umeme uko ukingoni. Mechi dhidi ya aliye wa mwisho iachie kompyuta, kwani hata kwa hesabu zake huenda mkashinda. Mechi dhidi ya timu ya kwanza nayo inaweza kuachwa, ila kama unahitaji kuonekana: kufunga pointi nyingi mbele ya timu kubwa kuna raha yake, na sitamnyima mtu raha hiyo.

Mkulima wa mpunga wa bonde la Kyela anajua kwamba kazi za shambani hazilingani uzito. Kupandikiza kuna siku zake ambazo hazimsubiri mtu, na kuna kazi nyingine ukichelewa wiki hakuna kinachoharibika. Ratiba ya mechi 82 isome kwa macho hayo.

Baadhi ya matoleo yana kitufe cha kukupeleka moja kwa moja kwenye mechi muhimu inayofuata, yaani gemu yenyewe imekuchagulia. Ni msaada mzuri kwa asiye na muda kabisa. Lakini mechi ambayo gemu inaiita muhimu mara nyingi ni ya mahasimu wa jadi au ya kuvunja rekodi fulani; haitazami kwamba timu yako imebakiza mechi nne na inapigania nafasi ya sita. Chaguo lako, ukiwa umeusoma msimamo, ni bora kuliko la kitufe.

Nenda kwa vipande vidogo. Usichague tarehe ya mwezi mzima mbele. Chagua mechi mbili au tatu, simama, tazama msimamo, tazama dakika zako, endelea. Sababu ni kwamba matoleo mengi hujihifadhi yenyewe kila tukio linapokwisha. Ukiruka mechi kumi na timu ikafungwa tisa, hakuna kurudi nyuma. Ukisimama baada ya mechi ya tatu ukaona mmefungwa zote, bado una nafasi ya kukaa chini na kucheza ya nne.

Na mtoano usiuruke. Hapo msimu mzima unapatikana au unapotea ndani ya mechi saba, tena kwenye mfululizo mmoja unakutana na timu ile ile mpaka unajua kila beki wake anapenda kuelekea upande gani. Ni sehemu tamu kuliko zote katika gemu hii, na kuiachia kompyuta ni kulipia chakula ukaondoka kabla hakijaletwa mezani.

Kuruka ukiwa benchi

Kuna kuruka kwa aina ya pili, ambako hakuna hasara kubwa na bado watu hukusahau. Kocha akikutoa, gemu inakupa nafasi ya kutazama wenzako wakicheza au kuruka hadi utakaporudishwa uwanjani. Mchezaji chipukizi hukaa nje sehemu kubwa ya mechi. Kutazama ukiwa benchi muda wote huo ni kulipia muda wa kibanda bila kugusa padi. Ruka. Kitu kimoja tu: ukitoka mkiongoza kwa pointi sita unaweza kurudi mkiwa nyuma kwa nne, maana ukiwa nje kikosi cha akiba kinachezewa kwa hesabu. Dakika za mwisho za robo ya nne, kama mechi imebana, tazama. Utaona mpinzani anamtafuta nani katika timu yenu, nawe ukiingia utajua pa kusaidia.

Urefu wa robo nao una uzito. Robo halisi ya NBA ni dakika 12. Ukicheza robo za dakika tano, usitarajie takwimu za wanaume wa kwenye televisheni. Umecheza chini ya nusu ya muda wao. Mtu mwenye saa chache anaweza kuchagua mechi chache zenye robo ndefu au mechi nyingi zenye robo fupi. Mimi ninapendelea mechi chache zenye robo ndefu kidogo, kwa sababu hapo ndipo mchezo unapata nafasi ya kugeuka, uchovu unaonekana, na kocha wa upande wa pili anabadili mbinu.

Mtego wa VC

Tangu NBA 2K13, iliyotoka mwaka 2012, gemu hii ina fedha yake ya ndani iitwayo VC. Unaipata kwa kucheza, na ndiyo unayonunulia alama za uwezo, viatu na nguo za mchezaji wako. Mechi unayoicheza vizuri inakulipa. Mechi unayoiruka haikulipi kama ile uliyoitolea jasho. Kwa hiyo anayeruka sana anajikuta na mchezaji dhaifu na mfuko mtupu, na wakati huo huo gemu inamwonyesha duka ambapo VC inauzwa kwa fedha halisi.

Wazazi wa Kyela, hili ni lenu. Kama kadi ya benki au namba ya malipo ya simu imeunganishwa na akaunti ya mashine au ya simu ya mkononi, mtoto anaweza kununua VC bila hata kuelewa kwamba ametumia fedha ya kweli. Ondoa kadi hiyo, au weka neno la siri la ununuzi ambalo mtoto halijui. Na wewe kijana mwenye fedha zako za kakao au za kibarua, fahamu kwamba VC uliyonunua katika toleo la mwaka huu haihami kwenda toleo la mwaka ujao. Toleo jipya hutoka kila mwaka, na huko unaanza upya na mtu wa alama 60. Baada ya miaka michache kampuni huzima mitambo inayohudumia toleo la zamani. Fedha yako inazimika nayo.

Njia ya bure ipo, ni ya polepole, nayo inatosha: cheza mechi ulizochagua, pandisha kiwango cha ugumu kadiri unavyozoea, na ukipata VC nunua alama kabla ya nguo. Viatu vya kung'aa havipigi pointi tatu.

Kubeti ni suala jingine tena. Vijana wakiwekeana dau kwenye kibanda, mchezo unageuka kamari, na sheria ya Tanzania hairuhusu aliye chini ya miaka 18 kucheza kamari. Mwenye kibanda anayeliachia jambo hilo liendelee mbele ya watoto wa shule anajiweka hatarini, na mimi nasema wazi kwamba anawakosea wazazi waliomwamini.

Umeme, radi na kumbukumbu

Kyela iko bondeni, kati ya Ziwa Nyasa na milima ya Livingstone, na masika yake ni mazito. Machi hadi Mei mvua hupiga mfululizo, radi zipo, na umeme hukatika bila kumuaga mtu. Kwa mchezaji wa gemu hali hiyo ina madhara mawili.

La kwanza: mechi iliyo katikati inaweza kupotea yote umeme ukikatika. Siku ambayo mawingu yameshuka upande wa Matema na unajua kitakachofuata, usianze mechi ya robo ndefu. Hiyo ni siku nzuri ya kuruka zile mechi za kanda ya pili, mbili mbili, kwa kuwa kila moja huchukua muda mfupi na matokeo huhifadhiwa upesi.

La pili ni baya zaidi. Ile alama inayozunguka pembeni mwa kioo inaonyesha gemu inaandika kumbukumbu. Umeme ukikatika sekunde hizo, faili la kumbukumbu linaweza kuharibika, na msimu wote ukaenda. Usizime mashine alama ikiwa inazunguka. Kila baada ya siku chache, nakili kumbukumbu zako kwenye flashi. PS3 na PS4 zote zinaruhusu kufanya hivyo kwa gemu nyingi, na kama gemu yako imefungwa isinakiliwe utaliona hilo mapema na kujua kwamba tahadhari yako pekee ni umeme. Radi ikianza, chomoa plagi ukutani, ya mashine na ya televisheni. Kuzima kwa swichi ya padi hakutoshi.

Wanaotumia simu wana nafuu upande wa umeme. NBA 2K20 ya simu ina MyCareer yake na huchezeka bila bando kwa sehemu kubwa, jambo linalowafaa walio Ikombe au vijiji vingine vya mwambao ambako mtandao unakuja na kuondoka. Lakini ukiifuta gemu kwenye simu ili upate nafasi ya picha, mchezaji wako naye anakwenda. Na msipakue gemu kutoka kwa watu wasiojulikana wanaoahidi VC zisizo na mwisho. Faili za namna hiyo ni njia kongwe ya kuingiza programu za wizi kwenye simu, na simu hiyo hiyo ndiyo yenye fedha zako.

Kwa wenye mashine za kisasa, jueni kwamba matoleo mapya ya NBA 2K kwenye PS5 yanazidi gigabaiti 100, na MyCareer yake kamili inadai intaneti muda wote. Kwa anayetegemea bando la simu, toleo la zamani kwenye diski bado ni chaguo la busara.

Uwanja wa kweli

Sehemu hii wengine wangeiacha, mimi naiona ya lazima. Wilaya yetu ni ya mpira wa miguu, na kwa wasichana ni ya mpira wa pete. Vijana wengi wanakutana na kikapu kwenye kioo kabla hawajagusa mpira wake. Hilo si kosa, ila wanaoitwa kwenye timu za UMISSETA, michezo ya shule za sekondari, wanaingia uwanjani wakiwa na sheria za NBA kichwani, na mwamuzi anatumia za FIBA, shirikisho la kikapu la dunia.

Tofauti zenyewe ni hizi. Robo ya FIBA ni dakika 10, ya NBA ni 12. Kwenye FIBA unatoka uwanjani kwa faulo ya tano. NBA wanakuvumilia mpaka ya sita. Mstari wa pointi tatu wa FIBA uko mita 6.75 kutoka kikapuni, wa NBA ni mita 7.24 isipokuwa pembeni ambako unasogea karibu. NBA inamkataza beki kukaa ndani ya eneo la kikapu zaidi ya sekunde tatu bila kumkaba mtu. FIBA haina katazo hilo kwa beki, kwa hiyo mrefu wa timu pinzani anaweza kusimama chini ya ringi mchana kutwa, na ile njia ya kati uliyozoea kupita kwenye gemu utaikuta imefungwa. Saa ya kupiga ni sekunde 24 kote kuwili.

Mechi unazoamua kuzicheza mwenyewe zitumie kujifunza yale ambayo hayabadiliki: kumwekea mwenzako kizuizi kisha kugeuka kuelekea kikapuni, kumtazama mtu wako na mpira kwa pamoja, kurudi kulinda mara tu mkipoteza mpira. Mechi iliyorukwa haimfundishi mtu hayo. Ndiyo bei ya mwisho ya kuruka, na haiandikwi kwenye takwimu yoyote ya gemu.

Walimu wa michezo wa shule za sekondari za Kyela, kama mna vijana kumi wanaojua kikapu kwa padi, tayari mna timu inayojua nafasi, zamu na mbinu; kinachokosekana ni mpira, nguzo mbili na ringi zilizofungwa mita 3.05 kutoka ardhini. Zungumzeni na kamati za wazazi na halmashauri kuhusu nguzo hizo kabla ya michezo ya UMISSETA ijayo.